Shirika Lililokwenda Shule kwa Mataifa

Kuna neno tunalolisikia mara nyingi katika seminari zetu, hasa wakati wa kurudi kutoka likizo. Mseminari mmoja amekwenda kwao kijijini, amekaa na nkambo wake mwezi mzima, naye arudi akisema: « Ile lugha ya kwetu yanifaa nini? Masomo ni kwa Kifaransa, misa ya mjini ni kwa Kiswahili. Lugha ya nkambo ilikuwa na wakati wake, na ule wakati umepita. »

Hatusemi kwamba asemaye hivi ni mtu mbaya. Twataka kumjibu kwa historia, si kwa hasira. Basi tutaeleza habari za kompani moja iliyojifunza lugha za dunia nzima, ikazitafsiri, ikazipiga chapa, kisha ikavunjwa, na katika kuvunjwa kwake ikaacha mali ambayo hakuna mfalme aliyeweza kuinyang'anya. Mwishoni tutaona kwamba katika ile mali kuna nafasi moja iliyobaki tupu, na ile nafasi ni yetu.

I. Kompani na amri yake

Mwaka wa 1540 Baba Mtakatifu Paulo III alilikubali shirika jipya, lililoanzishwa na Mtakatifu Inyasi wa Loyola pamoja na wenzake. Kwa Kihispania waliliita « Compañía de Jesús », maana yake Kompani ya Yezu. Sisi twasema Shirika la Yezu, na watu wake twawaita Wayezuiti. Lakini lile neno kompani lafaa likumbukwe. Kompani nyingine za karne zile zilivuka bahari kutafuta pilipili, dhahabu na watumwa. Hii ilivuka bahari kutafuta watu wa kuhubiriwa Injili. Na ilipowatafuta watu, ikajikuta imekusanya kitu ambacho wafanya biashara hawakukijali sana, ndicho lugha zao.

Haikuwa bahati tu. Katika Katiba ya Shirika, Mtakatifu Inyasi aliweka jambo lenyewe wazi: wale wanaotayarishwa kwenda kwa Waarabu na Waturuki, inafaa wajifunze Kiarabu au Kikaldayo, wanaotayarishwa kwenda kwa watu wa Indi, wajifunze lugha ya Indi. Amri hii ni fupi, lakini yageuza mambo juu chini. Kwani mtu anayejifunza lugha ya wengine lazima akae chini kama mtoto, akosee, achekwe, asahihishwe. Yule aliyekuja kuwa mwalimu aanza kwa kuwa mwanafunzi.

Katika miaka mia ya kwanza ile kompani ilifika Indi, Japani, Brazili, Kongo, Etiopia, Peru, China na Paragwai. Kila mahali palikuwa kama dunia nyingine. Na kila mahali swali la kwanza lilikuwa lile lile: Mungu tumwite nani?

II. Kosa la Mtakatifu Fransisko Ksaveri

Siku ya 15 Agosti 1549, sikukuu ya Bikira Maria kupalizwa mbinguni, Mtakatifu Fransisko Ksaveri alishuka Kagoshima, katika nchi ya Japani. Pamoja naye alikuwa Mjapani mmoja, jina lake Anjiro, aliyebatizwa huko Goa na kuitwa Paulo. Huyu ndiye aliyekuwa kinywa cha mtakatifu. Alikuwa mtu wa akili na wa moyo mwema, lakini hakuwa msomi wa dini ya kwao. Ilipohitajiwa kupata neno la Kijapani la kumtaja Mungu Muumba, lilichukuliwa jina la Dainichi.

Mwanzoni mambo yalionekana kwenda vizuri sana. Hata watawa wa Kibudha wa madhehebu ya Shingoni walimpokea yule mgeni kwa furaha. Kumbe walikuwa na sababu yao! Dainichi ndiye Budha mkubwa wanayemheshimu wao. Waliposikia mtu ametoka mbali kuwahubiri watu wamwabudu Dainichi, walidhani kwamba ni ndugu yao wa dini moja.

Mwaka wa 1551, katika mji wa Yamaguchi, Ksaveri alianza kuwauliza wale watawa maswali hasa juu ya Dainichi, na majibu yakamwonyesha kosa. Hapo aliliacha lile neno kabisa, akaamua kutumia neno la Kilatini na Kireno, « Deus ». Wajapani wakalitamka « Deusu ». Lakini hata dawa hii ilikuwa na uchungu wake: wapinzani wakaligeuza kuwa « dai uso », maana yake katika lugha yao ni uwongo mkubwa.

Ndugu zangu, tusimlaumu Anjiro. Alitoa alichokuwa nacho. Wala tusimcheke mtakatifu. Lakini tushike fundisho: kujua maneno ya watu si kujua bado wanachofikiri wanapoyasema. Neno lina mizizi chini ya udongo. Anayeling'oa bila kutazama mizizi, hajui ameshika mti gani.

III. Njia tatu

Baada ya lile jambo la Japani Wayezuiti walifuata njia tatu mbalimbali, na zote tatu zaonekana mpaka leo katika Eklezya.

Njia ya kwanza ni kuleta neno geni. Hivi ndivyo walivyofanya Japani, na hivi ndivyo ilivyofanyika Peru: katika katekismu ya Kikechua na Kiaimara, iliyopigwa chapa Lima mwaka wa 1584, Mungu aliitwa kwa neno la Kihispania, « Dios ». Njia hii yaepusha mchanganyiko. Lakini hasara yake ni kwamba Mungu aweza kuonekana kama mgeni aliyeshuka na meli.

Njia ya pili ni kutwaa neno la wenyeji na kulitakasa kwa mafundisho. Huko Brazili na Paragwai walichagua jina la Tupã, ambalo wenyeji walilihusisha na ngurumo. Katika ufalme wa Kongo, ambako mfalme Nzinga Nkuwu alibatizwa mwaka wa 1491, wakristu walimwita Mungu Nzambi Mpungu, na mapadri wakalishika jina hilo.

Njia ya tatu ni kutunga au kuchagua neno ambalo kila mtu aelewa sehemu zake. Padri Matteo Ricci, aliyefika Makao mwaka wa 1582 na Beijing mwaka wa 1601, alitumia neno « Tianzhu », maana yake Bwana wa Mbingu. Aliona pia kwamba maneno ya wahenga wa China, « Tian » yaani Mbingu, na « Shangdi » yaani Mtawala wa Juu, yaliweza kumtaja Mungu wa kweli. Wengine wakakataa. Ugomvi ukakua miaka mia, mashirika yakashindana, na Roma ikaamua mwaka wa 1704, kisha tena mwaka wa 1715: neno « Tianzhu » litumike, yale mengine mawili yaachwe. Wakatoliki wa China watumia « Tianzhu » mpaka leo.

Twaona basi kwamba neno moja tu laweza kuwagombanisha watakatifu na wasomi kwa karne nzima. Nani atasema kwamba kutafsiri ni kazi ndogo, ya kupewa mtu ye yote aliye na nafasi saa za jioni?

IV. Walimu wasio na jina

Sasa tuangalie wenyewe waliofundisha. Katika historia twasoma majina ya mapadri walioandika buku. Yosefu wa Anchieta alifika Brazili mwaka wa 1553, kijana wa miaka 19. Sarufi yake ya lugha ya pwani ya Brazili ilipigwa chapa Coimbra mwaka wa 1595, naye alikuwa mzee wa miaka 61. Papa Fransisko alimtangaza kuwa mtakatifu mwaka wa 2014. Antonio Ruiz de Montoya, mzaliwa wa Lima, alikaa miaka mingi kati ya Waguarani. Mwaka wa 1631 aliwaongoza watu wapata 12 000 kushuka mtoni kwa mitumbwi na vyelezo, wakiwakimbia wawinda watumwa waliotoka São Paulo. Kisha akasafiri mpaka Madrid kumwomba mfalme kwamba Waguarani waruhusiwe kujilinda kwa bunduki. Na katika safari ile ile, mwaka wa 1639, alipiga chapa kamusi yake kubwa ya Kiguarani, aliyoiita Hazina. Kwake yeye kuokoa watu na kuokoa maneno yao ilikuwa kazi moja.

Lakini nani aliwafundisha Anchieta na Montoya? Ni mama waliokuwa wakitwanga, watoto waliokuja kwenye katekismu, wazee waliokaa kando ya moto. Majina yao hatuyasomi juu ya jalada la kitabu cho chote.

Katika Kongo mambo yalikuwa hivyo hivyo. Mwaka wa 1624 ilipigwa chapa Lisboni katekismu ya Kireno na Kikongo, mstari mmoja wa Kireno na mstari mmoja wa Kikongo, neno chini ya neno. Juu yake laonekana jina la Padri Mateus Cardoso, Myezuiti. Lakini kazi yenyewe ilifanywa pamoja na wale walioitwa « mestres », yaani walimu wa kanisa la São Salvador, ndio mji wa Mbanza Kongo. Hao ndio wazee wa wakatekista wetu. Wao ndio waliofundisha watu kusali, waliotafsiri katika maungamo, waliofuatana na padri njiani. Kitabu ni chao pia.

Kuna jambo jingine tusilopaswa kulificha. Mwaka wa 1697 ilipigwa chapa Lisboni sarufi ya Kimbundu, lugha ya Angola, iliyoandikwa na Padri Pedro Dias. Lakini Padri Dias hakuiandika Angola. Aliiandika Brazili, huko Bahia, kwa sababu Bahia ilijaa watumwa waliovushwa bahari kutoka Angola, nao hawakujua Kireno. Padri yule aliwahurumia, akawatumikia kwa lugha yao. Hilo ni jema. Lakini Shirika lenyewe, huko Angola na huko Brazili, lilikuwa na watumwa katika mashamba yake na nyumba zake. Ile sarufi ni tunda la huruma, nayo ni shahidi wa dhambi. Walimu wa Kimbundu wa Padri Dias walikuwa watu waliofungwa. Historia ya Eklezya haina haja ya kusemewa uwongo. Yataka kusemwa yote.

V. Kompani yavunjwa

Karne ya 18 ilipofika, wafalme wa Ulaya walianza kuliogopa na kulichukia Shirika. Ureno iliwafukuza Wayezuiti mwaka wa 1759. Ufaransa ikalipiga marufuku Shirika mwaka wa 1764. Mwaka wa 1767 Karolo III, mfalme wa Hispania, alitoa amri ya siri iliyofunguliwa katika nchi zake zote: Wayezuiti wote waondoke, wa Hispania na wa ng'ambo ya bahari. Walikuwa wapata 5 000. Waliruhusiwa kuchukua nguo zao, buku la sala na vitu vidogo vidogo. Karatasi zao zilichukuliwa na serikali.

Tufikiri kidogo maana ya neno hili. Padri amekaa miaka 20 katika msitu wa mto Orinoco. Ameandika kamusi kwa mkono wake, ukurasa baada ya ukurasa, kwa mwanga wa taa. Siku moja askari waja, wamwambia: toka. Ile kamusi yabaki mezani. Yeye apelekwa pwani, atiwa katika meli, avushwa bahari. Meli zilipofika katika nchi za Baba Mtakatifu hazikupokelewa mara moja. Wengi walitupwa kwanza katika kisiwa cha Korsika, ndipo baadaye wakapata nafasi katika miji ya Italia, kama vile Bolonya, Faenza, Cesena na Forlì. Na mwaka wa 1773 ikaja pigo la mwisho: Papa Klementi XIV alilifuta Shirika lenyewe. Wale wazee hawakuwa tena Wayezuiti. Walikuwa mapadri maskini wa kigeni, wakaao katika vyumba vya kupanga, wakingojea kufa.

Lakini vichwani mwao walikuwa na lugha. Huyu alijua Kichikito, yule Kimapuche cha Chile, mwingine lugha ya Meksiko, mwingine Kiguarani. Kwa mara ya kwanza katika historia, watu waliojua lugha za dunia mbalimbali walikuwa wakikaa siku chache tu za safari mmoja kwa mwingine. Wafalme waliotaka kuwatawanya ndio waliowakusanya. Ndivyo Mungu afanyavyo wakati mwingine, bila kuomba ruhusa kwa serikali.

VI. Padri Hervás na barua zake

Aliyeiona nafasi hii alikuwa Padri Lorenzo Hervás y Panduro. Alizaliwa mwaka wa 1735 huko Horcajo de Santiago, katika nchi ya La Mancha, akaingia Shirika akiwa na miaka 14. Yeye mwenyewe hakuwa misionari. Alikuwa mwalimu. Alipofukuzwa pamoja na wengine alikwenda kukaa Cesena, akaanza kutunga kitabu kikubwa sana kwa Kitaliano juu ya ulimwengu wote, « Idea dell'Universo », kilichoanza kutoka mwaka wa 1778. Katika kitabu hicho alieleza maisha ya mwanadamu tangu tumboni mwa mama. Akasimulia pia safari ya kuwazia tu kupita katika sayari za mbinguni. Kisha akarudi duniani, akafika kwenye lugha.

Namna gani mtu asiyevuka bahari aweza kuandika juu ya lugha za ng'ambo? Aliandika barua. Aliwaandikia wale wazee mmoja mmoja: nipe maneno ya lugha unayoijua, nipe Baba Yetu, nieleze kanuni zake. Padri Filippo Salvatore Gilij, aliyekuwa kwa Watamanaku wa Orinoco tangu mwaka wa 1749 mpaka 1767, alimjibu. Padri Joaquín Camaño, aliyekaa Faenza, alimjibu juu ya Kichikito. Wengine vivyo hivyo. Wazee waliodhani kazi ya maisha yao imepotea walijiona wanaulizwa tena. Twaweza kufikiri furaha yao.

Matunda yalikuwa makubwa. Mwaka wa 1784 Hervás alitoa orodha ya lugha zilizojulikana. Mwaka wa 1787 alitoa sala ya Baba Yetu katika lugha na lahaja zaidi ya 300. Baadaye aliandika upya kazi yote kwa Kihispania, ikapigwa chapa Madrid kati ya mwaka wa 1800 na 1805, buku 6. Pia alitunga au alikusanya sarufi fupi za lugha zaidi ya 40. Msomi mkubwa wa Udachi, Wilhelm von Humboldt, aliyekuwa balozi huko Roma, alizipokea sarufi kutoka mkononi mwake, akazitumia katika kazi yake mwenyewe.

Hervás hakukusanya tu kama mtu akusanyaye mawe mazuri. Aliona jambo ambalo wengi wa wakati wake hawakuliona: kwamba udugu wa lugha haujulikani kwa maneno peke yake, kwani maneno yaweza kuazimwa sokoni, wajulikana hasa kwa namna lugha inavyojengwa, yaani sarufi yake. Kwa njia hii alionyesha kwamba lugha ya Madagaska, lugha ya Kimalai na lugha za visiwa vya Pasifiki ni ndugu, ingawa bahari nzima yazitenga. Alionyesha pia kwamba Kiebrania si mama wa lugha zote, kama watu wengi walivyodhani. Ni dada wa Kiarabu, wa Kisiria na wa lugha ya Etiopia. Alikosea mahali pengine, kama kila mtu anayelima shamba jipya, lakini alilima.

Hervás alifariki Roma mwaka wa 1809, akiwa mtunza buku wa Papa Pio VII katika jumba la Kwirinali. Shirika lilirudishwa na Papa yule yule mwaka wa 1814. Hakuiona ile siku. Alitumikia Kompani iliyokuwa imekufa, wala hakujua kama itafufuka.

Na Watamanaku? Leo hakuna mtu ye yote asemaye lugha yao. Waliozungumza na Padri Gilij wamekufa, watoto wao wakashika lugha nyingine, mpaka neno la mwisho likanyamaza. Yanayojulikana juu ya lugha ile yatoka hasa katika karatasi za mzee mmoja aliyefukuzwa, aliyeandika kwa kukumbuka. Kama asingeulizwa, nani angejua?

VII. Buku lililokosekana

Sasa twafika kwenye jambo lililotufanya tuandike maneno haya. Tufungue zile buku 6 za Kihispania za Padri Hervás. Buku la 1 laeleza lugha za Amerika. Buku la 2 laeleza lugha za visiwa vya bahari na za Asia. Buku la 3 mpaka la 6 zaeleza lugha za Ulaya. Tukitafuta buku la Afrika, hatulioni. Halimo.

Tusiseme upesi kwamba alitudharau. Sababu yaweza kuonekana katika ginsi alivyofanya kazi: Hervás aliandika yale aliyoletewa na watu. Kwa Amerika alikuwa na mashahidi wengi wanaoishi karibu naye. Kwa nchi yetu hakuwa na kundi kama lile la wazee wa kuandikiwa barua.

Wala si kweli kwamba mpaka wakati ule hapakuwa na kazi iliyofanyika. Tumekwisha kuitaja ile katekismu ya 1624. Katika mwaka wa 1652 Mkapusini mmoja wa Flandri, Padri Joris van Geel, alinakili kamusi ya Kilatini, Kihispania na Kikongo. Na wataalamu wengi waona kwamba asili yake ni kazi ya Padri Manuel Roboredo, mtoto wa Mreno na wa mama Mkongo, kanoni wa São Salvador, aliyeingia Wakapusini. Padri Roboredo aliuawa mwaka wa 1665 katika vita ya Mbwila, pamoja na mfalme wake Antonio I. Mwaka wa 1659 Mkapusini mwingine, Yasinti Brusciotto wa Vetralla, alipiga chapa Roma sarufi ya Kikongo. Humo alieleza kwamba maneno ya lugha hii yapangwa kwa mafungu kufuatana na mwanzo wa neno, na kwamba mwanzo huo wavuta maneno mengine nyuma yake. Nasi tusemapo « mtu mzuri, watu wazuri, kitu kizuri, vitu vizuri », twaifuata kanuni ile ile iliyoandikwa katika sarufi hiyo.

Lakini kamusi ya Roboredo na Van Geel ilibaki maandishi ya mkono, imelala katika maktaba ya Roma. Ilitolewa chapa mwaka wa 1928, yaani baada ya miaka 276, na Padri Van Wing pamoja na Padri Penders. Hao walikuwa Wayezuiti. Ile kompani ya zamani, iliyofufuka, ilirudi kuokota kile kilichoachwa na Mkapusini na mtoto wa Kongo.

Tena tuna mfano wa karibu zaidi. Stefano Kaoze, mtu wa kabila la Watabwa, aliyesoma kwa Mapadri Weupe kando ya ziwa Tanganika, alipata upadri huko Baudouinville mwaka wa 1917, padri wa kwanza wa Kongo katika nyakati zetu. Lakini kabla ya kupata upadri, alipokuwa bado mseminari, aliandika juu ya mawazo ya watu wake, na maandishi yake yalitoka katika gazeti moja la Ubelgiji mnamo mwaka wa 1910 na 1911. Hakungoja apewe kazi kubwa. Hakusema: nikimaliza masomo nitaona. Hapo mwenyeji hakuwa tena yule mwalimu asiye na jina, anayesimama nyuma ya kitabu cha mgeni. Jina lilikuwa lake.

Basi twarudi kwa yule mseminari wetu. Aliuliza: lugha ya nkambo yanifaa nini? Twamjibu hivi. Watu walivuka bahari, wakachekwa, wakaugua, wakafa, ili wajifunze kile ambacho wewe ulipewa bure pamoja na maziwa ya mama. Mtakatifu Fransisko Ksaveri alihangaika miaka miwili kwa sababu hakuwa na mtu wa kumweleza vema neno moja. Wewe unaye nkambo akaaye mlangoni, ajuaye neno lile na mizizi yake, ajuaye lasemwa lini na lanyamazwa lini. Mtaguso wa pili wa Vatikano, katika Konstitusyo juu ya Liturujia ya mwaka wa 1963, ulifungua mlango kwa lugha za mataifa katika ibada. Lakini mlango ukifunguka lazima mtu apite akiwa amebeba kitu. Ni nani atakayetuletea neno sawasawa la neema, la toba, la roho, kama si yule aliyelisikia nyumbani kwao?

Twashauri mambo matatu, nayo si makubwa. Kwanza, kila mseminari anayekwenda likizo achukue daftari moja, aandike humo maneno ya wazee, sala zao, mithali zao na majina wanayompa Mungu, pamoja na mfano wa ginsi kila neno linavyotumika. Pili, aandike jina la mzee aliyemfundisha, kijiji chake na mwaka, kusudi tusirudie kosa la wale waliosahau walimu wao. Tatu, mapadri wa parokia wawaite wakatekista wa zamani na kuwauliza ginsi walivyofundisha, kwani katika vichwa vyao mna karatasi nyingi ambazo hazijaandikwa bado.

Padri Hervás aliwaandikia wazee wa watu barua, kwa kuwa wake walikuwa mbali. Sisi hatuhitaji hata stempu. Buku la Afrika halikuandikwa mwaka wa 1805. Waliopaswa kuulizwa wako nyumbani kwetu, nao ni wazee. Twende tukawaulize kabla ya masika mengine kupita.